Bwana Tangulia

Jina lake halisi lilipita upesi, mwishoni kabisa,
kati ya mafundi taa na washona nguo,
watu wameshasimama wanatafuta kandambili chini ya viti.
Semboja alilisoma siku moja mchana,
kaushika mkanda mbele ya balbu, picha kwa picha:
Wendell Krage.
"Kumbe ana jina, maskini."
Sisi wa viti vya bei ya chini tulikwisha kumpa letu,
maana kila sinema, soda haijapoteza ubaridi,
yeye alikuwa ametutangulia.

Alikufa akiwa karani wa benki, mikono juu.
Alikufa akiwa sajenti, barua ya mkewe mfukoni haijafunguliwa.
Kwa mshale. Kwa kiu. Kwa kuporomoka kutoka roshani ya baa
juu ya meza ambayo hata sisi tuliona imekatwa miguu tayari.
Mara moja alikufa kabla hatujauona uso,
buti mbili tu zimechomoza nyuma ya mlango,
na ukumbi mzima wa Tanga ukapiga yowe: "Ndiye! Ndiye yule!"

Semboja alimhesabu kwa chaki ukutani, chumba cha mashine,
vijiti vitano vitano, kama nyapara wa mkonge.
Chini yake aliandika:

*Umekufa mara ngapi, hesabu imenishinda,*
*Leo risasi ya wapi, imekuja kukuwinda,*
*Na kesho kwa nguo zipi, farasi utampanda?*
*Hata jina hawakupi, nawe bado unakwenda.*

Mimi nilikuwa mtoto wa baiskeli.
Sinema moja, majumba mawili.
Mkanda ukiisha mjini naufunga kwenye karia,
nakanyaga mpaka Ngamiani wanakoungoja;
dakika kumi na mbili,
tisa kama hakuna askari wa kuniuliza taa.

Usiku mmoja wa vuli, Barabara ya Kumi na Mbili haiko mbali,
mwiba wa mkonge ukaingia gurudumu la nyuma.
Mkanda wa tatu.
Ule anaouawa.

Ngamiani walikuwa wamemwacha mezani,
karata mkononi, anacheka meno yote nje,
kisha ukuta mweupe.

Nikaomba karai la maji kwa muuza mafuta ya taa,
nikazamisha mpira, nikatafuta povu.
Kifo cha mtu kimelala kando yangu ndani ya bati la duara,
kinanuka siki,
nami, mara ya kwanza tangu niajiriwe, sikuwa na haraka.
Nikapaka gundi. Nikaipuliza ikakauka.
Nikaipuliza tena.

Nilipofika, watu wamerudishiwa fedha, wamekwenda kulala.
Ratansi alinikata siku tatu. Haki yake.
Semboja alisimama na chaki yake muda mrefu:
mjini amekufa, Ngamiani hakufa.
Akachora kijiti nusu.

Miaka mingi baadaye, Chumbageni, kwa shemeji yangu,
antena ya vifuniko vya sufuria juu ya mwanzi
inainyang'anya Mombasa picha zake, chenga tupu,
nikamwona. Nywele nyeupe, koti la daktari.
Akasema maneno sita kwa mke wa mgonjwa,
akafunga mlango taratibu, akaondoka kwa miguu yake.
"Hajafa!" nikainuka.
"Nani?" wakauliza, wali mkononi.
Juma lililofuata alikuwa hakimu, amekaa.
Halafu babu wa mtu, amekaa.
Hakuna aliyemnyooshea bunduki.
Hata kufa walikwisha kumpa kijana mwingine,
nilimwona, anaanguka vibaya, anatanguliza mkono.

Semboja hakuwahi kuona hayo. Yeye alikufa mara moja tu,
homa, siku mbili, tukamzika Alhamisi.
Ukuta wake umepakwa chokaa; jumba linahifadhi mbolea.

Na Krage? Sijui lini, sijui kwa nini.
Mkanda huo haukupita kwenye karia yangu.
Ninachojua, kuna watu Ngamiani, wazee sasa,
ukiwauliza watakwambia
mara ya mwisho walimwacha anacheka.